Je, wajua kwa nini ngoma za The Police huruka pigo la kwanza?

Sikiliza nyimbo za mwanzo za The Police, bendi ya roki ya Uingereza, hasa "Walking on the Moon" ya mwaka 1979, huku ukihesabu moja hadi nne. Katika roki ya kawaida ngoma kubwa ya mguu hulia kwenye moja, na ngoma ndogo hujibu kwenye mbili na nne. Hapa sivyo. Moja inapita kimya, na uzito unakuja kuangukia kwenye tatu. Mwili unasubiri pigo, pigo halifiki, na ndipo unapojikuta unacheza.

Aliyekuwa anapiga ngoma hizo ni Mmarekani Stewart Copeland. Wengi hujibu kwamba alichukua mtindo huo kwenye regge, na ni kweli. London ya mwaka 1977, vijana wa panki, ile roki ya kasi na fujo, walikuwa wakipigiwa santuri za Jamaika ukumbini kati ya bendi moja na nyingine, na wanamuziki wa lile wimbi jipya la roki walizisikia zote. Lakini kusikia ni jambo moja na mkono kutii ni jingine. Mpiga ngoma aliyezoea kuikanyaga moja tangu utotoni huona kuiacha ni sawa na kukosea. Kwa nini Copeland hakupata shida hiyo?

Kwa sababu hakukulia Marekani. Alizaliwa Virginia mwaka 1952, akapelekwa Cairo akiwa mchanga, kisha familia ikahamia Beirut. Baba yake, Miles, alikuwa ofisa wa shirika la ujasusi la Marekani, CIA. Mama yake, Lorraine, Mskoti, alikuwa mwanaakiolojia. Copeland mwenyewe ameeleza kwamba midundo ya baladi, ngoma za kienyeji za Kiarabu, aliyoisikia Lebanoni nayo hutilia mkazo pigo la tatu, kwa hiyo regge ilipomfikia masikio yake yalikuwa tayari. Mimi naliona hili kuwa jambo kubwa kuliko yote katika maisha yake ya muziki, kubwa hata kuliko umaarufu.

The Police aliianzisha yeye mwaka 1977, baada ya kupiga katika bendi ya Curved Air, na wimbo wao wa kwanza, "Fall Out", aliutunga yeye. Baadaye utunzi ukahamia kwa Sting, mwimbaji na mpiga besi, lakini mdundo ulibaki mikononi mwa Copeland. "Roxanne" ni mfano mzuri: Sting aliuleta ukiwa na mwendo wa bosanova ya Brazili, Copeland akasogeza mapigo mpaka ukakaribia tango, ile dansi ya Argentina. Na pale alipoacha nafasi tupu aliijaza kwa matuazi madogo na kwa mashine ya mwangwi, pigo moja likasikika kama mawili au matatu yanayokimbizana.

Uhuru huo ndio uliozua ugomvi pia. Walipokuwa wakirekodi albamu ya "Synchronicity" kisiwani Montserrat, kila mmoja alipiga katika chumba chake, Copeland akiwa kwenye chumba cha kulia chakula, na hawakuelewana na Sting juu ya ngoma za "Every Breath You Take". Zilizoingia ni za kawaida kabisa. Mwaka 1983 wimbo huo ulikaa namba moja Marekani kwa wiki nane, basi huwezi kusema Sting alikosea. Lakini anayetaka kumjua Copeland asianzie hapo.

Mwaka huohuo alitunga muziki wa filamu ya "Rumble Fish" ya Francis Ford Coppola, kazi iliyomfungulia njia ya miaka mingi ya filamu, opera na michezo ya kompyuta. Halafu akaja Afrika. Albamu yake ya mwaka 1985, "The Rhythmatist", aliifanya pamoja na Ray Lema wa Kongo, na ndani yake kuna nyimbo zenye majina kama "Serengeti Long Walk" na "Samburu Sunset". Filamu iliyoambatana nayo ina vituko vya kitalii, kama kupiga ngoma ndani ya kizimba huku simba wakizunguka nje. Muziki wenyewe ni mzuri kuliko filamu, hasa Lema anapoimba na Copeland akapunguza mikono, akamwachia nafasi.