Pensheni ya mtumishi wa jimbo anayehama Marekani: yanayosemwa na yaliyo kweli

Marekani haina mfuko mmoja wa pensheni kwa walimu na watumishi wengine wa serikali za majimbo. Kila jimbo lina mifuko yake, yenye masharti na kikokotoo chake, na sheria ya shirikisho ya mwaka 1974 inayolinda pensheni za sekta binafsi haiigusi mifuko hiyo. Kwa sababu hiyo, mwalimu anayetoka Texas kwenda Minnesota hubadili mwajiri na mfuko kwa pamoja, na ushauri anaopewa na wenzake kabla ya kuondoka ndio unaoweza kumtia hasara.

“Ukihama jimbo, pensheni yako imepotea.”

Si kweli, mradi mtumishi awe amefikisha muda wa chini wa uchangiaji. Muda huo ni miaka 5 katika mfuko wa walimu wa Texas na ule wa California, na miaka 10 kwa walimu wa Illinois walioanza kazi tangu 2011. Aliyeufikisha anaweza kuiacha michango yake ilipo na kudai pensheni atakapotimiza umri uliowekwa, popote atakapokuwa anaishi. Tena jimbo aliloliacha haliwezi kuitoza pensheni hiyo kodi ya mapato, kwa kuwa sheria ya shirikisho ya 1996 inakataza kumtoza mstaafu asiye mkazi.

“Ni salama zaidi kuchukua fedha zako uondoke nazo.”

Anayefanya hivyo, jambo ambalo Tanzania limezoeleka kwa jina la fao la kujitoa, kwa kawaida hurudishiwa alichokatwa kwenye mshahara pamoja na riba, ilhali mchango wa mwajiri hubaki mfukoni na haki ya kulipwa maisha yote hufutika. Akizipokea fedha hizo mwenyewe, asilimia 20 huzuiwa kwa ajili ya kodi, na aliye chini ya umri wa miaka 59 na nusu huweza kutozwa adhabu ya asilimia 10 juu yake. Makato hayo huepukwa fedha zikihamishwa moja kwa moja kwenda akaunti ya akiba ya uzeeni, na kwa ambaye hajafikisha muda wa chini hiyo ndiyo njia ya busara. Kijana mwenye miaka 6 ya utumishi naye ana sababu ya kupiga hesabu za pande zote mbili. Lakini kwa mtu wa miaka 50 aliyekwisha kupata haki ya pensheni, ni nadra kuona faida ya kujitoa.

“Miaka 15 hapa na 15 kule ni sawa na miaka 30.”

Hapa ndipo hasara ya kweli ilipo, ingawa haizungumzwi sana. Pensheni hukokotolewa kwa kuzidisha miaka ya utumishi, asilimia maalumu, na wastani wa mishahara ya mwisho au ya juu zaidi. Jimbo la kwanza hutumia mishahara aliyokuwa akilipwa mtumishi kabla ya kuondoka, na kwa kawaida haipandishwi kufuata mfumuko wa bei katika miaka yote ya kusubiri. Tuseme kikokotoo ni asilimia 2 kwa kila mwaka katika majimbo yote mawili, na wastani wa mshahara ulikuwa dola 40,000 alipohama na dola 80,000 anapostaafu. La kwanza litamlipa dola 12,000 kwa mwaka na la pili 24,000, jumla 36,000. Angebaki mahali pamoja kwa miaka 30 na kufikia mshahara uleule, angelipwa 48,000. Hakuna haki iliyovunjwa hapo, ila mshahara wa zamani umeganda.

“Jimbo jipya litaihesabu miaka yangu ya zamani.”

Halitaihesabu bure. Majimbo mengi, Texas ikiwamo, humruhusu mwalimu kununua miaka aliyofundisha kwingine, lakini mara nyingi hulipa yeye gharama nzima ya ongezeko la pensheni, na miaka ambayo bado inampa haki ya pensheni kwingine kwa kawaida haikubaliwi. Mkanganyiko huletwa na makubaliano kati ya mifuko ya ndani ya jimbo moja. Anayetoka CalPERS, mfuko wa watumishi wa umma wa California, kwenda ule wa kaunti ya Los Angeles ndani ya miezi 6 anaweza kukokotolewa kwa mshahara wa juu pande zote mbili, lakini makubaliano hayo hayavuki mpaka wa California.

“Mwenye pensheni ya jimbo hupunguziwa mafao ya hifadhi ya jamii ya shirikisho.”

Ilikuwa kweli kwa wengi, kwa mfano walimu wa Texas, California na Illinois ambao kazi yao haikatwi mchango wa hifadhi ya jamii ya shirikisho. Sheria iliyotiwa saini tarehe 5 Januari 2025 imeufuta upunguzaji huo kuanzia mafao ya Januari 2024. Haikumpa chochote, hata hivyo, asiyechangia: bado inatakiwa takriban miaka 10 ya michango, hivyo mwalimu ambaye kazi yake yote ilikuwa Texas, akihamia akiwa na umri wa miaka 58 Minnesota, ambako walimu huchangia, atafikia sifa ya kulipwa kwa michango yake mwenyewe karibu na miaka 68.