Mawenzi: mlima uliobaki mifupa

Shuleni tulikaririshwa kwamba Kilimanjaro ina vilele vitatu: Kibo, Mawenzi na Shira. Si kosa, ila ukisikia "vilele" unadhani ni ncha tatu za mlima mmoja. Hizo ni volkano tatu, kila moja na umri wake, zilizotapika lava hadi miguu yao ikaungana. Shira ilizimika mapema, ikaporomoka, sasa ni uwanda. Kibo, yenye Uhuru mita 5,895, imelala tu. Kasoko yake bado hutoa gesi yenye harufu ya salfa. Mawenzi, mita 5,149, imekufa kabisa.

Ukiwa Moshi asubuhi kabla mawingu hayajapanda, Kibo utaiona imeviringika kama chungu kilichofunikwa. Kulia kwake, upande wa mashariki, Mawenzi imechongoka kama msumeno. Tofauti hiyo imetokana na kilichokuwa ndani. Volkano inapokuwa hai, uji wa moto hupenya kwenye nyufa za mlima na kupoa humo humo, ukawa kuta nyembamba za mwamba mgumu kuliko majivu na mawe yaliyouzunguka. Moto wa Mawenzi ulipozimika, hakukuwa na lava mpya ya kuziba majeraha. Mvua, upepo na barafu za kale zikala sehemu laini kwa malaki ya miaka. Zile kuta zikabaki zimesimama wima. Kwa hiyo unapoitazama Mawenzi unatazama matumbo ya volkano, si ngozi yake.

Wachaga husimulia kwamba Mawenzi alikuwa akienda kwa Kibo kuomba moto, wake umezimika, hadi Kibo akachoka akamtwanga kwa mchi. Wanajiolojia hawana mchi, lakini kuhusu nani alizimika kwanza wanakubaliana na wazee.

Kazi ya kubomoa inaendelea. Mchana jua huyeyusha theluji, maji yakachuruzika ndani ya ufa. Usiku yanaganda, yanatanuka, yanausukuma ufa. Kesho tena. Shika jiwe pale juu na huenda likakubakia mkononi. Ndiyo maana Mawenzi inahitaji kamba na ujuzi wa kukwea miamba, wakati Uhuru hufikiwa kwa miguu tu (na mapafu). Hans Meyer na Ludwig Purtscheller walifika juu ya Kibo mwaka 1889. Mawenzi, iliyo chini kwa zaidi ya mita 700, ilisubiri hadi 1912, walipoipanda Eduard Oehler na Fritz Klute. Ncha yake ya juu kabisa hata hivyo inaitwa kwa jina la Meyer.

Hali ya hewa ni ya ukavu, jambo linaloshangaza wengi. Mvua kubwa ya Kilimanjaro hunyesha chini, kwenye msitu wa miteremko ya kusini. Mawingu ya masika humwaga mzigo wao huko kabla hayajafika juu. Theluji huanguka Mawenzi, lakini haidumu, na barafu ya kudumu haipo. Kati yake na Kibo kuna uwanda wa mita 4,400 hivi, jangwa la baridi lenye changarawe na vishungi vya nyasi. Chini ya kuta za Mawenzi kuna kiziwa kidogo ambapo wapandaji hupiga kambi. Usiku ukitulia, husikika mawe yakiporomoka huko juu.