Karta anaweza kuuza shamba bila saini za wote

Nchini India wengi huamini kwamba mali ya familia ya pamoja ya Kihindu haiuziki mpaka kila mwenye fungu atie saini, na kwamba saini moja ikikosekana mauzo ni bure. Sivyo.

Karta, yaani msimamizi wa familia, anaweza kuuza pekee yake na kuwafunga wote, hata watoto wadogo, kukiwa na ulazima wa kisheria, yaani hitaji la kweli la familia ambalo sheria inalikubali, au manufaa ya mali yenyewe. Msingi huo uliwekwa na Baraza la Faragha (Privy Council) huko London, mahakama ya juu ya rufaa kwa India enzi za Waingereza, mwaka 1856, katika kesi ya Hunoomanpersaud. Kukomboa rehani halali iliyoielemea familia ni mfano wa wazi wa ulazima huo.

Tuseme deni la rehani ni rupia 300,000 na kipande cha shamba kimeuzwa kwa 320,000. Hizo 20,000 zisizo na maelezo, peke yake, hazivunji mauzo. Kinachovunja ni uzembe wa mnunuzi, kwa sababu mzigo wa kuthibitisha ni wake: aione hati ya rehani, aulize deni lilitokana na nini, na ikiwezekana amlipe mkopeshaji moja kwa moja, achukue risiti. Sentensi ya “nauza kwa shida” ndani ya hati haimwokoi.

Bila ulazima, mauzo bado hubatilika tu pale mwenye fungu anapoyapinga. Mwana anayepinga mauzo ya baba chini ya Mitakshara, tapo la sheria ya Kihindu linalofuatwa sehemu kubwa ya India, ana miaka 12 tangu mnunuzi aingie shambani. Mabinti nao ni wenye fungu tangu 2005.