Akello bila mapacha: dhana potofu kuhusu majina ya watoto

Mimba ikikaribia miezi tisa, wazazi wengi Kampala hushika simu na kutafuta "majina ya Kiafrika na maana zake". Orodha inakuja ndefu, kila jina na maana yake tamu. Shida ni kwamba orodha hizo hunakiliana, na anayenakili mara nyingi haijui hata lugha yenyewe.

Dhana: Jina likikupendeza, mpe mtoto yeyote.
Uganda majina mengi hueleza mtoto alizaliwa vipi. Kwa Waacholi na Walango, Akello ni msichana aliyezaliwa baada ya mapacha. Mvulana ni Okello. Mpe kifungua mimba wako jina hilo kwa sababu linasikika vizuri, halafu umpeleke Gulu, mji wa Waacholi: bibi wa kwanza kumbeba atauliza mapacha wako wapi, wala hatanii. Buganda anayewafuata mapacha ni Kizza. Aliyewatangulia ni Kigongo, na kwa asili hawezi kuitwa hivyo mpaka mapacha wazaliwe, hata kama tayari anakimbia uani na jina lingine. Lakini usikimbilie kuhukumu kila Okello unayekutana naye. Wengi siku hizi wamelirithi kwa baba au babu, na hawana pacha hata mmoja nyumbani.

Dhana: Kato ni jina la Waganda.
Ni lao, ila si lao peke yao. Pacha mdogo wa kiume ni Kato pia Bunyoro na Ankole. Tofauti iko kwa mkubwa: Buganda ni Wasswa, Bunyoro Isingoma, Ankole Kakuru. Ukivuka Nile kuingia Busoga, wanakuwa Waiswa na Tenywa. Orodha inayoandika "asili: Uganda" haijakwambia kitu.

Dhana: Ndugu wa baba mmoja lazima wawe na jina moja la mwisho.
Buganda majina ni ya ukoo. Ffumbe wana yao, Mmamba wana yao, na ndugu wa tumbo moja wanaweza kubeba majina tofauti kabisa. Ukiokota jina la ukoo mwingine, watu watamhesabia mtoto huko, na siku ya posa maswali yatakuwa mengi, kwa kuwa watu wa ukoo mmoja hawaoani.

Dhana: Empaako ni jina la utani.
Hapana. Amooti, Akiiki, Abwooli na wenzake, jumla 12, ni majina ya heshima na mapenzi huko Toro na Bunyoro. UNESCO iliiorodhesha mila hiyo mwaka 2013 kama urithi unaohitaji kulindwa haraka.

Dhana: Vanessa ni Kigiriki cha kale, maana yake kipepeo.
Lilibuniwa na mshairi Jonathan Swift kutokana na jina la rafiki yake, Esther Vanhomrigh, na shairi alimolitumia likachapishwa 1726. Vipepeo walipewa jina hilo baadaye, mwaka 1807, na mtaalamu wa wadudu Fabricius.

Kwa hiyo kabla ya kuamini maana yoyote, uliza ni lugha gani, hupewa mtoto wa namna gani, na ni la ukoo upi. Muulize mzee anayeizungumza lugha hiyo, ikiwezekana wawili wasioishi nyumba moja. Kisha amueni tahajia, Wasswa au Waswa, kabla fomu ya NIRA, mamlaka ya usajili ya Uganda, haijajazwa, maana shule na pasipoti zitafuata kilichoandikwa kwenye cheti.