Seti ya roboti ya kufundishia ni nini?

Seti ya roboti ya kufundishia ni mkusanyiko wa vipande ambavyo mwanafunzi huviunganisha, akavitenganisha na kuviunganisha tena kwa namna nyingine, hadi apate chombo kinachotii programu aliyoiandika mwenyewe. Ndani yake mna kompyuta ndogo inayobeba programu, mota, gia, betri, na vitambuzi, ambavyo mafundi wa magari huviita sensa. Kigari cha kuchezea kinachoendeshwa kwa rimoti si roboti kwa maana hii, kwa kuwa maamuzi yote hubaki mkononi mwa mchezaji.

Tumchukue mwanafunzi wa Lamu anayetaka kigari chake kisimame kabla ya kugonga ukuta wa darasa. Kitambuzi cha umbali hutoa sauti ambayo sikio la binadamu haliisikii, kisha hungoja mwangwi wake. Sauti husafiri takriban mita 340 kwa sekunde, kwa hiyo ukuta ulio umbali wa mita 1 hurudisha mwangwi baada ya kama sekunde 0.006, na muda huo ni wa kwenda na kurudi. Mwanafunzi akisahau kuugawa kwa mbili, programu itadhani ukuta uko mbali maradufu, na kigari kitaugonga mbele ya wenzake. Kwangu mimi, hiyo ndiyo thamani kubwa ya seti hizi: kosa halingoji kalamu nyekundu ya mwalimu. Fundi wa majahazi kule Matondoni, kijiji cha kisiwa cha Lamu, naye husahihishwa hivyo na maji, kwani kalafati, yaani kizibo cha nyufa za mbao, ikilegea hujulikana siku chombo kinaposhushwa.

Uhandisi nao huingia kwa njia hiyo hiyo. Gia ya meno 8 ikizungusha ya meno 40, mwendo hupungua mara 5, na nguvu ya kuzungusha huongezeka karibu kiasi hicho. Ndipo kigari kilichoshindwa kupanda ubao ulioinamishwa huupanda.

Wazo lenyewe lina umri. Seymour Papert, mwanahisabati mzaliwa wa Afrika Kusini, alikuwa miongoni mwa waliounda Logo, lugha ya kuandikia programu, mwaka 1967, ambayo baadaye watoto waliitumia kumwongoza kobe wa mitambo sakafuni. Seti za LEGO Mindstorms zilifuata mwaka 1998.

Anayenunua kwa ajili ya shule ya pwani azingatie kwamba hewa ya chumvi hula viungo vya betri na waya, hivyo seti ihifadhiwe katika chombo chenye mfuniko wa kubana, betri zikiwa zimetolewa.