Eugene Sledge: Shajara Iliyofichwa Ndani ya Agano Jipya

Katika Vita ya Pili ya Dunia, askari wa Marine wa Marekani waliopelekwa kupigana na Wajapani katika Bahari ya Pasifiki walikatazwa kuweka shajara, kwa kuwa karatasi iliyookotwa mfukoni mwa maiti ingeweza kumfichulia adui mambo mengi. Eugene Sledge, kijana wa miaka 20 kutoka mji wa Mobile, jimbo la Alabama, alitembea na nakala ndogo ya Agano Jipya, na humo ndimo alimokuwa akiandika kwa siri mambo aliyoyaona. Maandishi hayo mafupi ndiyo yaliyokuja kuwa msingi wa kitabu chake, *With the Old Breed*, kilichochapishwa mwaka 1981, miaka 36 baada ya vita kwisha.

Kazi yangu ni kusoma kumbukumbu za askari na kuzipima kama ushahidi, na mara kwa mara wanafunzi huniuliza kwa nini namtanguliza mtu aliyetoka jeshini akiwa koplo mbele ya majenerali walioandika vitabu vinene kuhusu vita hiyo hiyo. Sababu yangu ni kwamba Sledge anajua mwisho wa upeo wa macho yake. Anasimulia kilichotokea mbele ya mzinga wake, na anapohitaji kueleza mpango mzima wa mapigano, anaeleza kwa kifupi kile alichokisoma baada ya vita, kisha anarudi handakini.

Marine ni askari wanaosafirishwa na meli lakini kazi yao hasa ni kushuka ufukweni na kupigana nchi kavu. Sledge, mtoto wa daktari, alijiunga nao mwishoni mwa mwaka 1942, akapelekwa chuoni Georgia Tech katika mpango wa kuwaandaa vijana kuwa maofisa. Huko alifeli masomo kwa makusudi, pamoja na wenzake wengi, kwa hofu kwamba vita ingekwisha kabla hawajaiona. Hakujipamba hata kidogo alipolisimulia jambo hili. Hatimaye akawa mpiga mzinga mdogo wa milimita 60 katika Kombania K, batalioni ya tatu ya Rejimenti ya Tano, chini ya Divisheni ya Kwanza ya Marine.

Tarehe 15 Septemba 1944 kombania hiyo ilishuka Peleliu, kimojawapo cha visiwa vya Palau, magharibi mwa Pasifiki, chenye eneo la kilomita za mraba zipatazo 13 tu. Kamanda wa divisheni, Jenerali Rupertus, alikuwa ametabiri kwamba kazi ingemalizika kwa siku chache, lakini mapigano yalikwisha tarehe 27 Novemba. Wajapani, wakiongozwa na Kanali Nakagawa, waliacha mtindo wao wa awali wa kujitupa mbele ya bunduki kwa makundi. Waliingia ndani ya mapango ya vilima vya Umurbrogol na kumlazimisha Mmarekani awafuate humo, pango baada ya pango.

Hapa ndipo kitabu kinapomshika msomaji. Kisiwa chenyewe ni jiwe la matumbawe. Mtu wa pwani yetu aliyewahi kuona watu wakichimba msingi wa nyumba au kaburi kwenye jiwe la namna hiyo, wakipokezana mtaimbo kutwa nzima, ataelewa mara moja kwa nini askari wa Peleliu hawakuweza kuchimba handaki. Walirundika mawe kujikinga, na kila kombora lililoanguka liligeuza mawe hayo kuwa vipande vikali vya kuua. Kwa sababu hiyo hiyo hawakuweza kuzika maiti wala kufukia vinyesi vyao, na katika joto lililozidi nyuzi 40 mainzi walinenepa hadi wakashindwa kuruka vizuri. Maji ya kunywa yaliletwa katika mapipa ya mafuta ambayo hayakusafishwa sawasawa, na waliokuwa wakifa kwa kiu waliyanywa wakaugua matumbo. Vitabu vingi vya vita huyapita mambo haya kwa aibu. Sledge anayataja kwa majina yake, bila kupaza sauti, akijua kwamba uchafu ulikuwa sehemu ya mateso yaliyowavunja watu kama ilivyokuwa risasi.

Anaeleza pia jinsi baadhi ya wenzake walivyokuwa waking'oa meno ya dhahabu vinywani mwa maiti za Wajapani. Angeweza kuishia hapo, akiwa shahidi aliyesimama kando. Anaendelea kukiri kwamba siku moja naye alichomoa kisu na kuinama juu ya maiti, hadi tabibu wa kikosi alipomgusa bega na kumsihi asifanye hivyo, na alipoona nasaha hazitoshi akamwonya kuhusu vijidudu. Sledge aliacha meno, akakata alama za cheo kwenye kola. Baadaye sana alitambua kwamba tabibu yule hakuwa na hofu yoyote ya vijidudu, alikuwa anamtafutia rafiki yake njia ya kurudi nyuma bila kuaibika. Kila ninaposoma sehemu hiyo hukumbuka kwamba kijana aliyezuiwa na neno “vijidudu” alikuja kuwa mwalimu wa biolojia.

Tarehe 12 Oktoba aliuawa Kapteni Andrew Haldane, kamanda wa Kombania K, na Sledge anaandika msiba huo kama mtu aliyefiwa na mzazi. Kwa hesabu yake, waliingia Peleliu watu 235, wakatoka 85 ambao hawakuuawa wala kujeruhiwa. Inauma zaidi ukijua kwamba Admirali Halsey alikuwa amependekeza kisiwa hicho kirukwe. Uwanja wa ndege uliotakiwa ulikusudiwa kulinda ubavu wa Jenerali MacArthur alipokuwa akielekea Ufilipino, na wanahistoria wengi leo wana shaka kama ulistahili bei hiyo. Mimi ni miongoni mwao.

Okinawa, kisiwa cha Japani ambako walishuka tarehe 1 Aprili 1945, ilianza kwa utulivu wa kushangaza, hadi kombania ilipopelekwa kusini mwanzoni mwa Mei kukabili ngome za Shuri. Safari hii adui alisaidiwa na mvua. Kwenye kilima walichokiita Nusu Mwezi watu waliishi ndani ya matope pamoja na maiti zilizokuwa zikioza, na aliyeteleza mtelemkoni aliinuka akiwa ametapakaa funza. Sitasema zaidi, kwani kurasa hizo ni afadhali kuzisoma mwenyewe, ukiwa hujala.

Katika mwaka huo huo wa 1944, vijana wetu wa Keya (King's African Rifles, jeshi la Waingereza la Afrika Mashariki), wa Divisheni ya 11 ya Afrika Mashariki, walikuwa wakiwasukuma Wajapani hao hao katika bonde la Kabaw, Burma, nao wakipambana na mvua na magonjwa. Ni wachache mno walioacha kitabu. Waruhiu Itote, aliyekuwa koplo wa Keya kabla ya kujulikana kama Jenerali China wa Mau Mau, aliandika kumbukumbu zake mwaka 1967, lakini kwake Burma ilikuwa mlango wa kupitia kuelekea vita nyingine. Sledge hakuwa na vita nyingine ya kuelekea. Baada ya Japani kusalimu amri alipelekwa China, akakaa Beijing, na mwanzoni mwa 1946 akarudi nyumbani.

Kurudi huko hakukuwa rahisi. Alipokwenda kujiandikisha chuoni Auburn, karani alimuuliza kama jeshi lilikuwa limemfundisha chochote chenye manufaa kwa masomo, naye akajibu kwa uchungu kwamba limemfundisha kuua Wajapani na kujaribu kubaki hai. Uwindaji alioupenda tangu utotoni ulimshinda. Baba yake alimkuta akilia baada ya kulazimika kumuua njiwa aliyejeruhiwa, akamshauri awe anawatazama ndege tu. Sledge aligeukia sayansi ya viumbe. Alipata shahada ya udaktari katika Chuo Kikuu cha Florida mwaka 1960, na kuanzia 1962 hadi alipostaafu mwaka 1990 alifundisha biolojia katika chuo cha Montevallo, Alabama.

Wasomaji wengi huyachukulia maisha hayo ya ualimu kama kipindi kitupu kati ya vita na kitabu. Kwangu mimi ndiyo yaliyokitengeneza kitabu. Maelezo yake kuhusu kaa wa Pavuvu, kisiwa walichopumzikia, kuhusu mainzi, au kuhusu mabadiliko ya mwili wa maiti siku hadi siku, yana utulivu wa mtu aliyezoea kutazama kiumbe na kuandika anachokiona kabla ya kusema anavyojisikia. Koplo wa miaka 22 asingeweza kuyaandika namna hiyo mwaka 1946. Ni kweli kwamba muda mrefu huharibu kumbukumbu, lakini yeye alikuwa na zile kurasa za Agano Jipya za kumsahihisha.

Tena hakuanza kuandika kwa ajili ya umma. Aliandika ili mkewe Jeanne na wana wao wawili waelewe yaliyompata, na ni Jeanne aliyemhimiza achapishe. Hii ndiyo sababu anaeleza kila kitu kwa subira, tangu namna mzinga unavyolishwa kombora hadi namna wawili wanavyogawana zamu ya usiku ndani ya handaki moja, mmoja amelala na mwingine akitazama giza. Sledge alifariki Machi 2001. Kitabu chake cha pili, kinachosimulia miezi ya China na kurejea kwake uraiani, kilitoka mwaka uliofuata.