Aspirini haiifanyi damu kuwa nyepesi

Ukikaa kijiweni Moshi, hukosi kumsikia mzee akisema anameza aspirini ili damu yake "nzito" iwe nyepesi. Imani hii ni ya siku nyingi, lakini dawa haifanyi hivyo. Uzito wa damu unabaki uleule.

Kinachobadilika ni chembe sahani, zile zinazokimbilia penye jeraha na kushikana ili kuliziba. Aspirini huzuia kimeng'enya kinachotengeneza kemikali ya kuziita nyingine zije kushikamana. Chembe iliyokwisha kuguswa hairudi kama zamani mpaka ife, baada ya siku 7 hadi 10 hivi. Ndiyo maana kidonge kidogo cha miligramu 75 kwa siku kinatosha. Warfarini, dawa nyingine ya kuzuia damu isigande, hupitia kwenye ini: huzuia vitamini K isitumike kutengeneza protini za kugandisha damu. Kwa hiyo anayeitumia asile mnafu, mboga yenye vitamini K nyingi, bakuli zima leo, kesho asiuguse. Kiasi kisibadilike sana.

Dawa zote mbili haziyeyushi bonge lililokwisha kuganda. Huzuia jipya, au la zamani lisikue. Na kwa kuwa zinaweza kuleta kutokwa damu tumboni, kujinunulia tu duka la dawa bila daktari, hasa ukiwa na vidonda vya tumbo, ni hatari kuliko wengi wanavyodhani.